Mjadala: Droni zenye silaha zizuiwe kuuzwa, au tumeshachelewa?

Mleta Mada
Wakuu, hoja yangu ni kwamba droni zenye silaha zinahitaji mkataba wa kuzuia uuzaji wake, kama yalivyofanyiwa mabomu ya kutegwa ardhini kule Ottawa mwaka 1997. Oktoba 2001, Marekani ilipofyatua kombora la Hellfire kutoka kwenye droni ya Predator nchini Afghanistan, ilikuwa karibu peke yake katika jambo hilo. Leo droni za TB2 za Uturuki zimefika Ethiopia, Mali, Burkina Faso na Somalia. Usiku wa Januari 7, 2022 kambi ya wakimbizi wa ndani ya Dedebit, Tigray, kaskazini mwa Ethiopia, ilipigwa kwa droni, wakafa watu zaidi ya 50. Serikali ambayo ingesita kutuma rubani haisiti kutuma droni, maana ikidunguliwa hakuna mateka wala jeneza. Anayepinga aje na hoja.

Fundi Mawimbi
Mkuu, unataka kuzuia kitu gani hasa? Humo kwenye neno droni umechanganya vyombo vitatu visivyofanana.

TB2 ni ndege kamili: mabawa ya mita 12, mzigo wa kilo 150, hukaa angani zaidi ya saa 20, na inahitaji kituo cha ardhini na watu waliofundishwa. Hiyo unaweza kuizuia bandarini. Shahed-136 ya Iran ina uzito wa kama kilo 200, kichwa cha mlipuko cha kilo 40 hadi 50, injini ya pistoni yenye kelele, mwendo chini ya kilomita 200 kwa saa. Inapewa nukta ya ramani, inaondoka, hairudi. Urusi sasa inaziunda yenyewe, kwa hiyo suala la kuuziwa limeshapita.

Ya tatu ndiyo inayoua mkataba wako: FPV, ile ambayo mwongozaji anavaa miwani na kuona kinachoonwa na kamera. Fremu, mota nne, betri ya lithiamu, kamera. Vyote hivyo hununuliwa na watu wa mashindano na wapiga picha. Cha kijeshi ni kile kichwa cha roketi ya begani ya RPG-7 kilichofungwa chini, basi. Ukizuia mota umezuia na droni za kunyunyizia dawa mashambani.

Tena usidhani hata kuzivuruga ni rahisi. FPV ya redio ina ugonjwa wake: inaposhuka mita za mwisho, kilima au miti hukata mawimbi, picha inajaa chenga, mwongozaji anabahatisha. Mitambo ya kuvuruga mawimbi iliutumia udhaifu huo vizuri, hadi 2024 zilipoanza kuonekana kwa wingi Ukraine droni za uzi wa faiba, yaani zinazopokea amri na kutuma picha kupitia uzi badala ya redio. Bobini ya kilomita 10 au 20 inafunguka nyuma ya droni. Hakuna redio, hivyo hakuna cha kuvuruga, na kifaa cha kunusa mawimbi hakisikii kitu. Gharama yake ni uzito: bobini inakula nafasi ya baruti, chombo kinageuka kwa uvivu, na uzi ukikatika safari imeisha.

Kinga Anga
Naongezea hesabu ya mlinzi. Kombora moja la PAC-3 MSE la mfumo wa kulinda anga wa Patriot ni takriban dola milioni 4. Shahed hukadiriwa kati ya dola 20,000 na 50,000. Ukijibu kila moja kwa Patriot unafilisika ukiwa unashinda. Ndiyo maana Ukraine imerudi kwenye bunduki za rashasha juu ya magari, mizinga ya Gepard ya milimita 35, na sasa droni za kudungua droni. Urusi nayo huchanganya droni za kuzuga zisizo na kichwa. Ukiifyatulia umepoteza risasi; ukiiacha, huenda ndiyo yenyewe.

Lakini mleta mada asisahau upande wa pili. Juni 1, 2025 Ukraine ilificha droni 117 kwenye malori na kupiga viwanja vya ndege za kivita ndani ya Urusi, kimojawapo Belaya, zaidi ya kilomita 4,000 kutoka mpakani. Mnyonge naye anapumulia hapo. Na hazikuuzwa na nchi yoyote kwa nchi yoyote.

Msoma Sheria
Nyote mnazunguka. Vizuizi vya uuzaji vipo tangu 1987: utaratibu wa MTCR, makubaliano ya nchi kadhaa ya kudhibiti teknolojia ya makombora, unabana zaidi chombo kinachobeba kilo 500 kwenda kilomita 300. TB2 na kilo zake 150 inapita chini ya kamba. Uturuki ni mwanachama na haijavunja kitu. China na Iran si wanachama. Marekani yenyewe mwaka 2020 ilijitafsiria upya ili droni zenye mwendo chini ya kilomita 800 kwa saa zisibanwe sana. Na huo Ottawa unaousifu, mwaka 2025 Estonia, Latvia, Lithuania, Finland na Poland ziliwasilisha hati za kujitoa kwa hofu ya Urusi.

Hata hivyo simwachii Fundi ushindi wote. Badala ya chombo, tazameni bomu. Mabaki yaliyookotwa Dedebit yalitambuliwa kuwa ya MAM-L, bomu la kilo 22 la Roketsan, kampuni ya silaha ya Uturuki. Machi 2024, Shabelle ya Chini nchini Somalia, raia 23 waliuawa, 14 kati yao watoto, kwa mujibu wa Amnesty International. Mabaki yakawa ya MAM-L vilevile. Ndege moja hudumu miaka, mabomu huisha ndani ya wiki, na mnunuzi hurudi dukani. Hapo ndipo pa kumshika: hakuna shehena mpya bila kukabidhi picha za mapigo yaliyotangulia. Kamera lazima iwe inalitazama lengo hadi bomu litue, kwa sababu leza inaliongoza. Kwa hiyo picha ipo. Asemaye haipo anaficha.

Fundi Mawimbi
Picha ipo, sawa. Inaonyesha nini? Kutoka kilomita tano juu, usiku, kamera ya joto inakupa vidoa vyeupe vinavyotembea. Desemba 3, 2023 jeshi la Nigeria lilipiga Tudun Biri, Kaduna, watu wakiwa kwenye Maulidi. Waliokufa si chini ya 85. Jeshi likasema lilitafsiri vibaya mwenendo wa mkusanyiko ule.

Msoma Sheria
Ndiyo sababu ibara ya 57 ya Itifaki ya Kwanza ya 1977 ya Mikataba ya Geneva inamtaka mshambuliaji afanye kila linalowezekana kuthibitisha lengo. Kabul, Agosti 29, 2021, Marekani ilifuatilia Toyota Corolla nyeupe kwa takriban saa nane, ikaona madumu ya maji yakipakiwa ikayaita mabomu. Watu 10 walikufa, saba watoto. Muda walikuwa nao. Walichokosa ni mtu mwenye mamlaka ya kusema hapana. Mkataba wa ugavi uandike hilo: jina na cheo cha aliyeidhinisha kila pigo.

Mleta Mada
Naanza kukubali kwamba bomu linashikika kuliko chombo. Ila zile zinazojichagulia lengo?

Msoma Sheria
Huko marufuku bado inawezekana. Leza za kupofusha zilikatazwa mwaka 1995 kabla hazijaenea. Desemba 2023 nchi 152 katika Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa ziliunga mkono azimio kuhusu silaha zinazojiendesha, na Katibu Mkuu mwaka huo alitaka mkataba upatikane ifikapo 2026.

Fundi Mawimbi
Mstari utauchora wapi? Kuna FPV ambazo mwongozaji huchagua gari, kisha chipu inalishikilia lengo kwa mita mia chache za mwisho hata mawimbi yakikatika. Mtu kachagua, mashine imemalizia. Gari likipita nyuma ya jengo, na basi la abiria likatokea mahali pake, chipu inafuata lipi?

Kinga Anga
Na huo mkataba wa mabomu utamsainisha nani upande wa waasi? Mei 2025 Port Sudan ilipigwa kwa droni siku kadhaa: uwanja wa ndege, maghala ya mafuta. Jeshi la Sudan likailaumu RSF, kundi la wanamgambo linalopigana nalo. Kundi lisilo serikali halisaini chochote.

Msoma Sheria
Halisaini, lakini linauziwa na anayesaini. Masalia yana namba za kiwandani. Kusanya namba hizo, zifuatilie hadi kwa mnunuzi wa kwanza, kisha muulize aeleze zilivyomtoka.