Tupeane uzoefu: umewahi kushonewa nyakati na sauti? Wa Lamu, Pate, Malindi karibuni

Mwana wa Mkomani
Asalam aleikum wote. Naomba tuhadithiane habari za mshono, wale wa Amu mwajua nasema nini, ile sauti inakuja halafu sasa na zamani zinashikana kama mbao za mtepe, jahazi la kale, zilivyokuwa zashonwa kwa kamba ya kumbi bila msumari hata mmoja, sauti ikikatika kila kitu charudi mahali pake. Nilivyochunguza mie, lazima iwe sauti ya mkono au ya pumzi ya mtu, jenereta na spika hazishoni.

Yangu ilinipata msimu wa Maulidi. Nimekaa dakani, ile baraza ya mlangoni, kwa marehemu bibi, baina ya magharibi na isha, stima imepotea, nimewasha tochi ya simu. Nikasikia siwa, lile baragumu kubwa la sherehe. Sasa siwa ya shaba ya Lamu iko makumbusho ndani ya kioo, na ya pembe ya ndovu ya Pate iko hapo hapo, ilikuwa ikipulizwa kwenye harusi na tohara za wakubwa wa mji, mie sijawahi kuisikia ikilia lakini nilijua ni yenyewe, kifua kilitetemeka kabla ya masikio. Harufu ya asumini ikajaa. Ule mlango wa bibi uliong'olewa ukauzwa kabla sijazaliwa nikauona umesimama pale, nakshi zake zote, na karibu na komeo pana mkwaruzo kama wa kisu. Akatoka msichana, hina bado mbichi, vidole amevitanua visiguse nguo, akanitazama mkononi akasema, "Taa yako haina moshi." Siwa ikanyamaza nikabaki na ukuta.

Sasa sikieni. Bibi tangu tuko wadogo alikuwa akitwambia usiku wa harusi yake alimkuta mwanamke mgeni dakani ana kijitaa kisicho na moshi, analia. Tukimuuliza nani, asema simjui ila nalimpenda. Wallahi ni mie. Na ni kweli nilikuwa nalia.

Fundi wa Matondoni
Waleikum salam. Mie si mtu wa kuandika sana lakini hili limenigusa. Tulikuwa tunatia kalafati jahazi aliloliunda baba, mie ubavu huu, mwenzangu ubavu wa pili. Anayejua kazi hii ajua ile pamba yenye mafuta washindilia kwenye mshono wa mbao kwa nyundo, na mlio wakwambia kama pamba imekaa, ukiwa mzito iko sawa, ukiwa mwembamba rudia. Alasiri moja nikasikia nyundo ya tatu. Nikanyamaza, mwenzangu naye akanyamaza, ile ikaendelea, mbili za haraka na moja ya kuchelewa. Hivyo ndivyo baba alivyokuwa akipiga, kidole chake kimoja kilikuwa hakikunji. Baba alikwenda na bahari wakati wa kusi, hatukumzika.

Ikatembea mkukuni, kwenye uti wa chini wa jahazi, kuelekea tezi, yaani nyuma, ikafika mahali ikapiga pale pale, pale pale, mlio mwembamba. Ilipokoma tukabandua ubao. Ndani umeoza wote, ungeingia kidole. Jahazi lile lilikuwa litoke na watu kumi na moja asubuhi yake.

Nyundo yake ninayo nyumbani, siitumii kwa kazi nyengine.

Wa Shela
Kwetu kupwa kubwa kukija usiku wasikia watu wanasukuma vyombo kwenye mchanga, harambee zao na makelele. Wazee wasema ni wale wa Pate na Mazrui, watawala wa Mombasa, wa vita vya Shela mwanzoni mwa karne ya 19, maji yaliwatoka vyombo vikakwama watu wa Lamu wakawashinda. Mie nimesikia mara mbili. Sikutoka nje na sijuti.

Mpita Gede
Malindi pia jamani, magofu ya mji wa kale wa Gede. Nimesikia kamba ikisugua mdomo wa kisima kikavu na maji yakimwagika kwenye mtungi. Nikakuta mguu wangu umelowa. Basi.

Baba Wawili
Mwaweza kuniona mwongo ila ya kwangu haikutoka nyuma, ilitoka mbele. Mwanangu wa kwanza alikuwa wa miaka sita, amelala mapajani mwangu, usingizi mzito, mdomo wazi. Ikaadhiniwa alfajiri, na juu ya sauti ya muadhini wetu ikaja nyengine, ya mwanamume mzima, na kwenye "hayya" ikawa na ule mkwaruzo mdogo ambao ukoo wetu wote tunao, babu alikuwa nao, mie ninao. Nikatazama chini, koo la mtoto linacheza kama anayemeza mate. Nikazima taa nikamshika mpaka kukapambazuka. Kwenye sauti ile mlikuwa na uzee kidogo, hilo ndilo lililonituliza, nikajua ataishi.

Sasa ana miaka 19, yuko Mombasa kwa kazi, msikitini hata safu ya mbele hakai kwa haya. Sikukuu anakuja nyumbani. Sijui nimwambie ama ninyamaze, mwasemaje?

Mwana wa Mkomani
Usimwambie, baba. Bibi yangu naye hakuambiwa na mtu. Ila siku atakapopanda kuadhini, kaa pale pale ulipokuwa umemshika.