Tumelipia kufundishwa na dairekta mkongwe, tumeuziwa stori za enzi zake

Wakuu, nipo Bagamoyo na nimechukia kwelikweli.

Kuna dairekta mkongwe wa bongo muvi (jina naliacha, uzi usije ukafutwa) alitangaza kozi ya mtandaoni ya kuongoza filamu. Tangazo lilisema waziwazi: tuma kazi yako, mwenyewe ataitazama na kukuelekeza. Ahadi hiyo ndiyo iliyonitoa laki na nusu. Masomo ya kamera ya bure yamejaa YouTube. Nilichokuwa nakitafuta ni mzoefu wa kuniambia hapa umeharibu, na sababu ni hii.

Tukapewa video za kurekodiwa, nzito za kumaliza bando, mzee yuko kwenye kochi anasimulia alivyogombana na maprodyuza na nani alimtoa nani. Mwanga kaugusa juujuu, eti shutini machweo baharini. Machweo gani Bagamoyo? Bahari yetu iko mashariki, jua linazama huku bara. Anayelitaka juu ya maji aamke alfajiri.

Kilichoniuma zaidi ni sauti. Nilituma kipande cha wavuvi wakishusha samaki ufukweni, upepo wa kusi unavuma, maneno hayasikiki. Nikauliza: niivishe maiki manyoya ya kuzuia upepo, niifiche kwenye kola ya msemaji, au maneno tuyarekodi upya ndani tuyapachike? Kila njia ina gharama yake, na aliyekaa kwenye kazi hii miaka mingi anajua ipi inafaa. Akajibu msaidizi: "Kazi nzuri, endelea kujituma." Naangalia linki ya video, watazamaji sifuri. Hakuna aliyeifungua!

Mwenzetu wa Tanga picha zake za ndani zilikuwa zinachezacheza chini ya tyubulaiti. Sisi wanafunzi ndio tuliomwambia umeme wetu ni hezi 50, yaani unapiga mara 50 kwa sekunde, hivyo aweke shata (muda kamera inapokea mwanga kwa kila picha) sekunde 1/50 iendane nao, na zikatulia. Sasa mwalimu ni nani hapo? Kibali cha kushuti nacho hakikutajwa popote, wakati Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976 inakidai.

Nilipohoji kwenye grupu la WhatsApp nikaondolewa.

Aingie laivu, afungue kazi zetu mojamoja atusahihishe kama alivyoahidi, au arudishe hela kwa namba zilezile zilizomlipa. Mliolipa wekeni risiti hapa, ila fichani namba za simu.