Naomba ushauri: namtafuta mtangazaji wa TV ya Berlin, 1935

Wakuu, salaam. Naandaa makala kuhusu Ursula Patzschke, mmoja wa watangazaji wa mwanzo kabisa wa televisheni ya Ujerumani. Kituo chao, kilichopewa jina la mvumbuzi Paul Nipkow, kilianza Berlin tarehe 22 Machi 1935. Huyu dada alikuwa akijibana kwenye kijichumba chenye giza, si kikubwa kuliko choo cha nje, huku nukta ya mwanga ikimpita usoni mstari kwa mstari. Mistari 180, ndiyo picha hiyo! Watazamaji wengi walikuwa kwenye vyumba vya umma mjini, wamesongamana mbele ya kioo kidogo.

Shida yangu: vipindi vya moja kwa moja havikurekodiwa, nami nina picha mbili tatu tu. Isitoshe kituo kilikuwa mikononi mwa Wanazi, kwa hiyo sitaki kumpamba wala kumhukumu kwa kubahatisha.

Aliyewahi kuandikia makavazi ya kule anisaidie: nianze na Bundesarchiv (makavazi ya taifa) au Deutsches Rundfunkarchiv (makavazi ya utangazaji)? Barua ya Kiingereza wanaijibu? Kijerumani changu kinaishia kwenye salamu. Na nakala za picha, malipo yake yakoje?