Risasi zinaniishia kabla Diablos hajaanguka: mnapangaje mkoba wenu?

Mwindaji wa Katuba

Salamu kwenu nyote. Ninaandika kutoka Katuba, hapa Lubumbashi. Tangu miezi mitatu ninacheza Monster Hunter: World, mchezo wa video wa kuwinda madubwana, kwenye kompyuta ya kaka yangu, hasa usiku, wakati umeme una nguvu ya kutosha. Nilianza na upanga, lakini nilichoka kukanyagwa kila mara, nikahamia kwenye bunduki nzito. Mpaka kwa dubwana liitwalo Anjanath mambo yalikwenda vizuri. Shida yangu imeanza kwa Diablos, dubwana la jangwani lenye pembe.

Ninaingia uwanjani nikiwa nimeujaza mkoba wa risasi mpaka nafasi ya mwisho: za kupenya za madaraja yote matatu, za kutawanyika, za kunata, za barafu, za usingizi, na hata za sumu ambazo sikumbuki kama nimewahi kuzirusha. Hata hivyo, dakika ya ishirini inapofika, risasi za kupenya zimekwisha, Diablos anaendelea kuchimba na kuibuka kana kwamba hakuguswa, nami nimebaki na zile za kawaida za daraja la kwanza, ambazo haziishi kamwe lakini ni za kumkuna tu. Mara mbili dakika zote 50 za uwindaji zimekwisha dubwana likiwa bado linatembea. Naomba wenye uzoefu wanieleze: je, ninabeba risasi chache mno, au ni bunduki yenyewe isiyofaa?

Binti Ruashi

Ndugu yangu, bunduki yako haina kosa. Unabeba aina nyingi mno za risasi, na sioni mahali popote ulipotaja vitu vya kuzitengenezea.

Kila aina ina kikomo chake ndani ya mkoba, na kikomo hicho hukipiti hata kama sanduku la kambini limefurika. Lakini baruti na matunda yanayochanganywa nayo hayahesabiwi kuwa risasi. Maana yake ni kwamba anayebeba risasi za kupenya mpaka kikomo, pamoja na baruti na matunda ya kuzitengenezea, anaingia uwanjani na akiba kubwa kuliko ile anayoiona kwenye kioo. Mama anayepika kwenye kilio haji na bukari iliyosongwa tayari kwa usiku mzima. Anakuja na unga, na anasonga kadiri watu wanavyofika. Zile nafasi ulizozipa sumu na usingizi, zipe unga.

Mambo mawili ya kiutendaji yatakusaidia. La kwanza, weka utengenezaji wa risasi za kupenya kwenye menyu ya duara, ili uweze kuzitengeneza ukiwa unatembea, bila kufungua orodha ndefu mbele ya pembe za Diablos. Tofauti na michezo ya kale ya mfululizo huu, ambamo mchanganyiko uliweza kushindikana ukabaki na takataka mkononi, katika World mchanganyiko haushindikani, kwa hiyo huna sababu ya kuuogopa katikati ya vita. La pili, ukisha kupanga mkoba unaokufaa, uhifadhi kama mpangilio kwenye sanduku la vifaa. Baada ya hapo, kila urudipo kutoka kuwinda, unauchagua mpangilio huo na sanduku linajaza pengo lenyewe. Mimi nina mpangilio mmoja kwa kila bunduki, na ule wa risasi za kukata una matunda ya Slashberry mengi kuliko kitu kingine chochote.

Risasi za hali, yaani za usingizi, kupooza na sumu, usizidharau, lakini ujue kwamba kila mara dubwana linapokwisha kuathirika, uvumilivu wake hupanda na safari inayofuata hudai risasi nyingi zaidi. Ukiwinda peke yako, chagua moja tu, au uziache zote nyumbani.

Yaya wa Kamalondo

Aliyosema dada hapo juu ni ya kweli, lakini nina hakika kwamba hata akikupa magunia kumi ya baruti utaimaliza yote, kwa sababu sidhani kama tatizo lako liko kwenye mkoba.

Wiki iliyopita mdogo wangu alikuwa akilalamika neno kwa neno kama wewe. Niliketi karibu naye, nikamwomba acheze kama kawaida yake, na nikahesabu kila risasi ya kupenya aliyorusha, nikichora mistari nyuma ya daftari lake la shule. Katika ishirini za kwanza, nne zilirushwa Diablos akiwa ameshaanza kuzama mchangani, na zilipita juu ya vumbi tupu. Sita zilirushwa kutoka mbali sana, mahali ambapo alama ya kulengea haikuwa imegeuka rangi ya machungwa, na rangi hiyo ndiyo mchezo unaoitumia kukujulisha kwamba umbali wako ni wa kufaa. Saba nyingine zilimpata ubavuni. Ni tatu tu zilizoingia kifuani na kupita kwa urefu wa mwili mpaka mkiani.

Hapo ndipo penye hasara, mdogo wangu wa Katuba. Risasi ya kupenya haipigi mara moja ikaishia hapo. Huhesabiwa mapigo kadhaa kadiri inavyosafiri ndani ya mwili. Ukiirusha ubavuni, inapita upande wa pili haraka na mapigo yake mengine yanaishia hewani. Ukisimama mbele yake au nyuma yake, ukamlenga kwa urefu, risasi ile ile moja inafanya kazi kamili uliyoilipia. Dubwana refu ndilo linalofaa risasi hii, na Diablos ni mrefu vya kutosha, ila ni lazima ungoje amalize mbio zake na kukugeuzia uso au mkia. Usiwe mbali mno wala karibu mno: ukimkaribia sana rangi ile inapotea vilevile, kwani risasi za kupenya hupenda umbali wa kati, wakati zile za kutawanyika hudai ukae karibu kabisa na meno.

Na ile risasi ya kawaida isiyoisha, unayosema ni ya kumkuna tu, ina kazi yake. Dubwana linapopinda, linapokupa ubavu, au linapoanza kuchimba, badili uweke hiyo. Aliyeanza michezo hii kwenye PSP, ile mashine ndogo ya mkononi, kama mimi alijifunza ubahili huu kwa nguvu, maana wakati ule ukishatoka kijijini hapakuwa na sanduku lako mwenyewe kambini. Palikuwa na sanduku la msaada lenye vitu vichache, basi.

Mkaaji wa Kampemba

Naomba nipingane kidogo na Yaya, kwa heshima zote. Ubahili ni mzuri, lakini siku hizi hatuko kwenye PSP. Katika World unaweza kuingia hemani katikati ya uwindaji, ukafungua sanduku lako, ukachagua ule mpangilio uliohifadhiwa na ukatoka umejaa. Safari hiyo inachukua dakika mbili au tatu, na kati ya dakika 50 si gharama kubwa. Wachezaji wengi wanaona haya kurudi kambini, kana kwamba ni kukimbia vita. Mimi narudi hata mara mbili, na sijawahi kuulizwa na mtu.

Angalia tu wakati wa kuondoka. Dubwana likiwa linapigana nawe, ramani haitakuruhusu kusafiri kwa haraka, kwa hiyo ngoja lihame eneo, au tumia Farcaster, ambayo hukurudisha kambini hata katikati ya mapambano. Diablos akishachechemea na kuelekea kwenye kiota chake kulala, huo ndio wakati bora: anapumzika, nawe unajaza mkoba.

Kuhusu risasi za kunata, sikubaliani na wanaozitoa kabisa. Mlipuko wake haujali ugumu wa ngozi, na kwa mnyama mwenye magamba kama Diablos hilo ni jambo la thamani; zikikusanyika kichwani, humfanya azirai. Lakini zinabebwa chache, kwa hiyo mimi huziweka kwa ajili ya kichwa peke yake. Tena, ukicheza na wenzako, tafadhali usizirushe karibu na wenye panga. Katika chumba cha michezo ninachokwenda, nimeona urafiki wa miaka ukiyumba kwa sababu ya milipuko hiyo.

Wenye kompyuta zenye nguvu watakuambia kwamba katika Monster Hunter Wilds ya mwaka 2025 risasi za kawaida, za kupenya, za kutawanyika na za elementi, kama moto na barafu, haziishi tena. Ni kweli, ila mashine yangu haiwezi kuuendesha mchezo ule, na nadhani ya kaka yako pia haiwezi.

Mwindaji wa Katuba

Nawashukuru wote watatu. Umekisia vizuri, ndugu wa Kampemba: kompyuta hii inapumua kwa shida hata na World.

Jana usiku nilifanya kama mlivyoelekeza. Niliondoa sumu, usingizi na kutawanyika, nikaweka baruti na matunda mahali pake, nikaacha risasi chache za kunata kwa ajili ya kichwa. Nilishangaa sana kugundua ni mara ngapi kidole changu kilitaka kurusha wakati alama ya kulengea haikuwa na rangi ya machungwa. Dakika tano za kwanza nilipigana na kidole kuliko na Diablos. Kisha nikazoea kungoja amalize kukimbia. Nilitengeneza risasi mara mbili tu kwenye menyu ya duara, nilirudi kambini mara moja alipokwenda kulala, na alianguka katika dakika ya thelathini na moja, nikiwa bado na risasi kumi na nne za kupenya za daraja la pili.

Nilikuwa nimepiga magoti kumchuna, zikiwa zimebaki kama sekunde ishirini kabla ya uwindaji kufungwa na mchezo kuhifadhiwa, umeme ukakatika mtaa mzima. Nilipoiwasha kompyuta asubuhi, risasi zote nilizorusha zilikuwa zimerudi sandukuni, hata baruti haikupungua punje moja, na Diablos naye yuko mzima jangwani ananingoja.