Vichekesho vya Kijapani vya 1931: anayechekwa ni nani?

Mpenzi wa Filamu Bubu
Waungwana, nimetazama filamu mbili za kampuni ya Shochiku, zote za mwaka 1931: Shukujo to Hige ya Yasujiro Ozu, ambayo ni bubu, na Madamu to Nyobo ya Heinosuke Gosho, inayotajwa kuwa filamu ndefu ya kwanza ya Kijapani yenye sauti iliyofanikiwa. Katika ile ya Ozu, kijana mcheza kendo (mchezo wa Kijapani wa kupigana kwa panga za mianzi) mwenye ndevu nyingi hapati kazi mpaka azinyoe. Je, tuseme Ozu aliuunga mkono usasa na kuikebehi jadi?

Mchambuzi
Ndugu, sikubaliani. Anayemshauri kijana anyoe si mwanamke wa kisasa bali Hiroko, binti mpole mwenye adabu za kale, na kijana mwenyewe anazitetea ndevu zake kwa mfano wa Abraham Lincoln. Jadi inayojitetea kwa Mmarekani tayari ni kichekesho! Ozu anacheka namna watu wanavyojivika jadi au usasa, kisha wakaamini kwamba vazi ndilo utu wao. Ndiyo maana hata msichana wa kisasa, ambaye hapo ni mhalifu, hakuachwa bila huruma.

Bi Mkubwa
Kwa Gosho jambo hili linasikika kwa masikio. Mwandishi wa tamthilia amehamia pembezoni mwa jiji kutafuta utulivu, lakini paka, watoto na hatimaye bendi ya jazi ya jirani, mwanamke wa kisasa, havimpi nafasi ya kuandika. Anakwenda kulalamika, anakaribishwa kinywaji, na anarudi akiwa na hamu ya kazi, huku mkewe mvaa kimono, aliyeigizwa na Kinuyo Tanaka, akiwaka wivu na kudai naye nguo za Kizungu. Kelele zilizomzuia ndizo zinazomfungulia kalamu, na kwa maoni yangu hapo Gosho anaukaribisha usasa kwa haya kidogo kuliko Ozu.

Mpenzi wa Filamu Bubu
Nashukuru, Bi Mkubwa. Basi sauti yenyewe ilikuwa na upande wake katika mvutano huo wa jadi na usasa?

Bi Mkubwa
Naam. Filamu bubu za Japani zilisimuliwa ukumbini na benshi, yaani wasimulizi wa moja kwa moja, ambao wengine walikuwa na umaarufu uliowashinda waigizaji. Filamu za sauti ziliwanyima kazi, na mwaka 1932 baadhi yao waligoma. Ozu hakutoa filamu ndefu ya mazungumzo mpaka 1936.