Mswada wangu wa vichekesho vya runinga: achekwe mzee au kijana?

Mleta uzi: Wakuu, naombeni ushauri, usingizi umenipaa. Nimeandika vichekesho vya runinga, vipindi sita. Mzee na mwanawe hawaelewani: nywele, muziki, simu. Naogopa wazee wataona nimewadhalilisha. Nimpunguze mzee makali, au nimwongezee kijana upuuzi?

Kobe Mkongwe: Wachekwe wote. The Young Ones, vichekesho vya BBC ya Uingereza, mwaka 1982, iliwacheka vijana wenyewe. Mhusika mmoja, Rik, anajiona mwanamapinduzi na mshairi wa umma, huku nyumba wanayoishi inanuka uchafu. Vipindi 12 tu, mpaka leo tunaitaja.

Mama Wawili: Wangu kaniambia, "Mama, umepitwa." Mimi niliyemfundisha kutembea! Siku mbili sikumsemesha. Liandike hilo, vijana hawana adabu.

Jicho la Tatu: Mkuu, unaogopa wazee, au mzee mmoja?

Mleta uzi: ...Ni baba. Maneno ya yule mzee ni yake, nimekuwa nikimrekodi wakati wa kula. Lakini jina nimebadilisha! Hata mwandishi Norman Lear alipomuumba Archie Bunker, yule baba mkali wa vichekesho vya Marekani All in the Family, alichota kwa baba yake.

Jicho la Tatu: Baba anajua? Na mswada uko wapi?

Mleta uzi: Hajui. Niliupeleka kituoni wiki iliyopita, wameupenda. Siwezi kuurudisha.

Kobe Mkongwe: Basi malizia hadithi ya Archie. Mwaka 1971 aliletwa ili ubaguzi wake uchekwe, ila watazamaji wengine wakaona anawasemea wao. Mzee wako anaweza kuwa shujaa, wewe ukabaki yule mtoto asiyejua kitu.

Sina Presha: Hii chai, tena ya moto. Kituo gani kinapenda mswada ndani ya wiki? Jamaa anaandika kipindi cha saba, wahusika ni sisi.

Mama Wawili: Eti nini? Na mimi nimeshamwaga habari za mwanangu! Usiniweke humo, nakuomba.

Mleta uzi: Si chai, jamani. Baba yupo hapa sebuleni, ananiuliza kila saa naandika nini.

Jicho la Tatu: Mpe asome sasa hivi. Anzia pale kijana anapoumbuka.

Mleta uzi: Nimempa. Anatafuta miwani.