Rangi ya kupuliza inabanduka kwenye vyungu vya maua, nakosea wapi?

MamaMasale (Moshi)
Habari zenu wakuu. Nina vyungu sita vya udongo wa kuchoma, nilivinunua soko la Mbuyuni. Mwezi wa pili nilivipuliza rangi nyeupe ya kopo, nikapanda aloe, na kimoja nikaweka masale, ule mmea wa majani marefu wa kwetu Uchagani. Baraza ilipendeza mpaka majirani wakauliza. Masika yalipoingia, rangi ikafanya malengelenge, ikabanduka kama maganda ya kitunguu, na chini yake kuna unga mweupe. Kinachoniuma zaidi ni kile cha masale. Mche wake niliutoa kihambani (shamba la nyumbani) kwa bibi, Kibosho, mwaka aliofariki. Muuza rangi anasema nipulize juu kwa juu. Nimfuate?

FundiRangi_Soweto
Hapana mama, usiongeze kitu juu ya rangi iliyovimba. Mvua usiilaumu sana, maji yanatokea ndani. Udongo wa kuchoma unanyonya: ukimwagilia, maji yanapenya ukutani mwa chungu, yanafika nje, yanaikuta rangi imeziba njia, basi yanaisukuma. Ule unga ni chumvi za maji na mbolea.

Hamisha mimea, kwangua rangi yote, sugua kwa brashi na maji yenye siki kidogo, suuza. Halafu vikauke, na hapa ndipo wengi wanaharakisha. Kwa baridi hii ya mwezi wa saba wiki moja haitoshi. Viweke ndani, visikae nje kwenye umande. Vikikauka, ndani paka dawa ya kuzuia unyevu ya ukutani, mara mbili. Dondoshea tone la maji: likinywewa, rudia. Nje piga msasa laini, paka praima (rangi ya kwanza ya kushikisha), ndipo upulize. Tikisa kopo dakika nzima, simama mbali kama shibiri moja, pitisha nyembamba mara tatu. Ukitaka ienee kwa mkupuo mmoja itachuruzika. Fanyia nje asubuhi kabla ya upepo, na uvae barakoa. Tundu la chini usilizibe.

Njiro_Bustani (Arusha)
Nakubaliana na fundi, ila aloe angalieni. Chungu kilichozibwa kwa dawa na rangi hakipumui, udongo unakaa na maji muda mrefu. Nilikuwa namwagilia kila siku ya tatu kama zamani, miche minne ikaoza mizizi. Sasa natia kidole kwanza. Au panda kwenye kopo la plastiki lenye matundu, ulitumbukize ndani ya chungu cha rangi.

MamaMasale
Asanteni sana. Nimevikausha siku kumi na mbili stoo, vitano nimepuliza jana. Cha kwanza kilinichuruzika upande mmoja, nikaugeuzia ukutani. Cha masale nimekikwangua tu, nikakiosha. Nilipokiona na wekundu wake karibu na yale majani, nikakumbuka ua wa bibi baada ya mvua. Hicho sikipaki tena.